Bloody Mary nyumbani: kokteli ya vodka, nyanya na pilipili, hatua kwa hatua

Maswali kuhusu hii kokteli ni yale yale kila siku. Kwanini yangu imekuwa maji maji, kwanini inachoma tu lakini ladha hamna, nitumie nyanya fresh au juisi ya paketi, hosiradishi nikikosa niweke nini. Badala ya kujibu kipande kipande naweka yote hapa, we fuata toka juu mpaka chini na usiruke, hasa sehemu ya kuonja.

Kabla hujagusa chupa yoyote shika hili: Bloody Mary ni kazi ya kukoleza, sio kazi ya kumimina. Kokteli nyingi zinasimama kwenye sukari na limao, hii inasimama kwenye chumvi, uchachu na nyanya, kwahiyo ichukulie kama supu ya baridi, unaonja unarekebisha unaiacha ikae alafu unaonja tena. Pilipili inakuja nyuma ya hivyo vyote. Wengi wanakimbilia pilipili kwanza alafu wanashangaa mbona mdomo unawaka na kinywaji bado kimepooza, na ukichunguza karibu kila mara ni chumvi imepungua au limao limepungua.

Tena hili wakongwe walishaliona. Mtu anayetajwa sana kwenye historia ya hiki kinywaji ni Fernand Petiot, Mfaransa aliyekuwa anahudumia Harry's New York Bar pale Paris miaka ya 1920, baadae mwaka 1934 akahamia New York kwenye baa ya hoteli ya St. Regis. Nani alikuwa wa kwanza kuchanganya vodka na nyanya kuna ubishi, mchekeshaji George Jessel naye alidai ni yeye, ila Petiot alisema alipoipokea ilikuwa vodka na juisi ya nyanya basi, hamna kingine. Yeye alikuwa anaanza na chumvi, pilipili manga, pilipili ya unga na sosi ya Worcestershire (ile sosi nyepesi ya kahawia yenye chumvi na uchachu) chini kabisa ya sheka, kile chombo cha kutikisia kokteli, ndo zinafuata limao, barafu, vodka na nyanya. Viungo kwanza. Na sisi tutaenda hivyo hivyo.

Unavyohitaji (glasi 8)

- Juisi ya nyanya lita 1. Ya paketi au ya kopo inafaa, ila soma kwenye paketi kama imewekwa chumvi tayari maana nyingi zinayo. Ukitaka kutengeneza mwenyewe andaa nyanya zilizoiva sana kilo 1.5 mpaka 2
- Vodka ml 360, yani ml 45 kila glasi. Chukua ya kawaida isiyo na ladha ya matunda, asilimia 40. Usihangaike na vodka ya bei mbaya hapa, nyanya na viungo vinaifunika yote
- Maji ya limao ml 120, yaliyokamuliwa siku hiyo hiyo. Malimao 3 au 4 yanatosha
- Sosi ya Worcestershire vijiko vya chai 4
- Tabasco au sosi yoyote ya pilipili iliyo nyepesi yenye siki, anza na kijiko 1 cha chai, nyingine kaa nayo karibu
- Hosiradishi iliyokunwa vijiko vikubwa 2. Ule mzizi mweupe ambao ukali wake unapanda puani badala ya kukaa kwenye ulimi
- Chumvi ya seleri (chumvi iliyochanganywa na mbegu za seleri zilizosagwa) kijiko 1 cha chai
- Pilipili manga uliyoisaga muda huo, kijiko 1 cha chai
- Barafu nyingi, vipande vikubwa
- Vya kupambia: mashina ya seleri, vipande vya limao, zeituni, matango ya achari, chochote chenye chumvi au kinachotoa mlio ukikitafuna

Vyombo ni jagi lenye mfuniko, chujio, kijiko kirefu, kipimo cha toti (kama huna, kijiko kikubwa 1 ni ml 15, kwahiyo vitatu vinakupa hiyo 45) na glasi ndefu za kama ml 300 mpaka 350. Sheka sio lazima na utaona kwanini.

Tahadhari mbili mapema. Sosi ya Worcestershire kwa kawaida ina dagaa wa anchovi ndani, kwahiyo mtu asiyekula samaki au mwenye aleji ya samaki umuulize kwanza, kuna zinazotengenezwa bila samaki au weka soya sosi kidogo na siki. Ya pili, hii ni pombe ambayo haijionyeshi. Nyanya na pilipili zinaficha vodka kabisa, mtu anaweza kunywa tatu akidhani anakunywa juisi, ndo maana nasisitiza kupima. Sio ya watoto, sio ya mjamzito, sio ya mtu anayetumia dawa zisizoelewana na pombe, na ukishakunywa funguo za gari unampa mwingine.

Hatua

1. Tengeneza juisi ya nyanya (kama unatumia ya paketi nenda hatua ya 2)

Hapa ndo wengi wanakosea bila kujua. Wanatupa nyanya mbichi kwenye blenda, wanachuja, wanaweka friji, kesho yake wanakuta maji ya manjano upande mmoja na tope jekundu upande mwingine. Sababu ni kwamba nyanya ikishakatwa au kusagwa kuna vimeng'enya ndani yake vinaanza kuvunja pektini, na pektini ndo inayoipa juisi uzito. Moto unavizima. Kwahiyo usisage mbichi ukaacha, unataka nyanya iende kwenye moto haraka iwezekanavyo baada ya kisu kuigusa.

Weka sufuria kwenye moto mkali. Kata nyanya chache vipande vinne vinne, tupia ndani, ziponde kwa mwiko mpaka zitoe maji na yachemke. Alafu endelea kukata na kutupia chache chache huku ile ya ndani ikiendelea kuchemka wakati wote, usikate zote ukazirundika kwenye bakuli. Zikishaingia zote punguza moto, acha dakika 10 mpaka 15 zilainike kabisa, alafu pitisha kwenye chujio ukikandamiza na mgongo wa kijiko. Ganda na mbegu zibaki juu. Utajua umekandamiza vya kutosha pale kinachobaki kwenye chujio kikiwa kimekauka na kimebanana, na ukifuta chini ya chujio unakuta rojo zito limeng'ang'ania, hilo nalo kwangulia ndani usiliache kwasababu ndo lenye nyanya yenyewe. Juisi nzuri ukichota na kijiko inaacha utando mwekundu nyuma ya kijiko, haitiririki yote kama maji.

Acha ipoe alafu iingie friji. Usiweke chumvi bado.

2. Changanya viungo chini ya jagi

Weka kwenye jagi tupu: chumvi ya seleri, pilipili manga, hosiradishi, Worcestershire na Tabasco kijiko kimoja. Koroga mpaka chumvi iyeyuke na hosiradishi isambae, sekunde 30 zinatosha. Unaanza hivi kwasababu juisi ya nyanya ni nzito na ya baridi, ukitupia viungo vikavu juu yake vinaganda madonge madonge na glasi ya mwisho inabeba pilipili manga yote.

Kama juisi yako ya paketi ina chumvi tayari weka nusu ya chumvi ya seleri kwanza. Kuongeza ni rahisi, kutoa haiwezekani.

3. Mimina nyanya, koroga, lalisha

Mimina lita yote ya juisi, koroga taratibu, funika, weka friji. Angalau saa 2, usiku kucha ni bora zaidi. Ukionja muda huo huo utasikia kila kitu peke yake, siki huku, pilipili manga kule, ila kesho yake vimeshakuwa kitu kimoja. Tofauti ni kubwa mno na ndo hatua watu wanayoiruka sana.

Ila limao lisiingie sasa hivi. Maji ya limao yakikaa usiku kucha yanapoteza ile harufu yake fresh, ladha inalala. Vodka nayo bado, isubiri. Mchanganyiko usio na pombe ndani unaweza kumpa yeyote, na kila mtu utampimia ya kwake.

4. Onja ikiwa ya baridi

Siku ya kunywa toa jagi, weka maji ya limao ml 120, koroga. Sasa onja, na uonje ikiwa imetoka friji sio ikiwa imekaa mezani, maana baridi inapunguza ladha mdomoni na kitu kilichokolea kikiwa vuguvugu kitakuwa kimepooza kikiwa na barafu. Na kumbuka kuna vodka na barafu inayoyeyuka vinakuja kuongeza maji, kwahiyo kwenye jagi inatakiwa ikolee kidogo kupita unavyotaka.

Fuata mpangilio huu ukirekebisha, usiuchanganye:

Chumvi kwanza. Ikionekana nyanya imejificha, ladha ipo ipo tu, ongeza chumvi ya seleri robo kijiko, koroga, onja tena. Chumvi ikifika mahali pake nyanya inaamka ghafla, utaisikia kabisa.

Alafu uchachu. Kama ladha inakaa nzito na haimaliziki vizuri ukimeza, ongeza limao kijiko kikubwa kimoja kimoja.

Alafu ile ladha nzito ya nyama nyama, hiyo ni Worcestershire, ongeza kijiko cha chai kimoja kama unaona imepungukiwa mwili.

Pilipili ya mwisho. Tabasco matone matone, na baada ya kila onjo subiri nusu dakika kabla hujaongeza kwasababu ukali unachelewa na unajirundika. Mtu anayeonja mara tatu mfululizo bila kusubiri anajikuta ameshapita mbali.

5. Andaa glasi

Pitisha kipande cha limao kwenye mdomo wa glasi, nusu tu ya mzunguko, alafu bonyeza kwenye kisahani chenye chumvi ya seleri na pilipili ya unga kidogo. Nusu ili anayependa anywee upande huo na asiyependa anywee mwingine. Hiyo iweke pembeni, chukua glasi nyingine isiyo na chumvi uijaze barafu mpaka juu. Watu wanaogopa barafu nyingi wakidhani itaongeza maji, kumbe ni kinyume, barafu nyingi na kubwa inayeyuka taratibu, vipande vitatu vidogo vinaisha haraka na vinakuachia maji. Ile iliyosagwa usiitumie kabisa.

6. Pima vodka

Ml 45 juu ya barafu. Pima, usikadirie kwa jicho. Vodka nyingi haiongezi utamu wowote hapa, inaongeza ukali wa spiriti tu na kuitawanya nyanya.

7. Jaza na uhamishe, usitikise

Mimina mchanganyiko wa nyanya kama ml 140 mpaka 145, alafu chukua glasi ya tatu, tupu na isiyo na chumvi, umwage vyote pamoja na barafu kutoka hii kwenda ile, rudisha, mara tatu nne hivi, malizia kwenye ile yenye chumvi mdomoni (ile ya chumvi uijaze mwishoni kabisa isichafuke). Inapoa, inachanganyika, na inabaki nzito. Petiot mwenyewe alikuwa anatikisa na nyanya nzito, lakini juisi nyingi za sasa ukizitikisa kwa nguvu kwenye sheka zinatoa povu la pinki juu na chini zinakuwa nyepesi, mi sishauri kwa anayeanza.

8. Pamba na upeleke

Shina la seleri lenye majani yake, kipande cha limao, zeituni mbili kwenye kijiti. Pilipili manga kidogo juu. Seleri sio urembo mtupu, unakorogea na unaitafuna katikati ya mafunda, inasafisha mdomo. Peleka hapo hapo.

Kama unataka ukali zaidi: vodka ya pilipili

Hii ni hiari ila ni tamu sana kwa wanaopenda moto. Kile kinachowasha kwenye pilipili hakiyeyuki vizuri kwenye maji lakini kwenye pombe kinayeyuka, kwahiyo vodka inakivuta haraka kuliko unavyodhani. Chukua pilipili kali 1, ipasue kwa urefu, toa mbegu na hasa ule utando mweupe wa ndani maana ukali mwingi umekaa pale, weka kwenye chupa safi yenye vodka ml 250. Onja tone moja baada ya saa 1, alafu kila baada ya saa. Ikifika unapotaka chuja mara moja, usiseme ngoja ilale mpaka asubuhi. Kwa pilipili mbuzi saa moja au mbili zinaweza kutosha kabisa. Anza kwa kutumia nusu vodka hii na nusu ya kawaida, na upunguze Tabasco kwenye jagi.

Vaa glovu au ukimaliza osha mikono kwa mafuta ya kula kwanza alafu sabuni. Na usiguse macho.

Ukikosa kitu

Hosiradishi haipo? Haradali kali inasogea karibu zaidi, ule mchomo wa puani ni wa aina moja, weka kijiko 1 kikubwa kwa jagi zima badala ya viwili na uikoroge vizuri kwenye hatua ya 2. Chumvi ya seleri unaitengeneza kwa kusaga mbegu za seleri sehemu 1 na chumvi sehemu 2. Limao unaweza kubadili na ndimu, itakuwa kali kidogo kwahiyo anza na ml 90. Tabasco ikikosekana sosi ya pilipili yoyote ila sio ile tamu na sio ile nzito yenye vitunguu saumu vingi, itakula ladha zote.

Ukitoa vodka ukaweka tekila watu wanaiita Bloody Maria. Caesar ya Kanada, iliyotengenezwa na Walter Chell kule Calgary mwaka 1969, inatumia juisi ya nyanya yenye mchuzi wa clam (jamii ya chaza). Na bila pombe kabisa ni Virgin Mary, kwa mchanganyiko uliolala usiku kucha inasimama yenyewe vizuri, asiyekunywa hatoona amepewa kitu pungufu.

Imeharibika, nifanyeje?

*Imekuwa maji maji.* Angalia barafu kwanza, ilikuwa ndogo au chache. Kama ni mchanganyiko wenyewe uko mwepesi, yeyusha kijiko kikubwa kimoja cha nyanya ya kopo ile nzito kwenye juisi kidogo alafu urudishe kwenye jagi. Usikitupie moja kwa moja, kitakaa chini kama donge. Kwa mara nyingine gandisha juisi ya nyanya kwenye trei ya barafu utumie vipande hivyo, vikiyeyuka vinaongeza nyanya badala ya maji.

*Inachoma kupita kiasi.* Usiongeze maji wala barafu, ukali unabaki na ladha inaondoka. Ongeza juisi ya nyanya tupu, limao kidogo na sukari robo kijiko cha chai, sukari isisikike, kazi yake ni kupoza makali tu. Aliyeshaungua mdomo mpe maziwa, maji hayatomsaidia.

*Chumvi imezidi.* Ni juisi tupu isiyo na chumvi na limao, hamna njia ya mkato. Na mdomo wa glasi usipake chumvi tena.

*Inachacha sana, meno yanakakamaa.* Mara nyingi ni limao na siki ya sosi ya pilipili vimekutana. Sukari kidogo au nyanya ya kopo kijiko kimoja inarudisha.

*Imejitenga, maji juu nyanya chini.* Ikiwa kwenye jagi koroga tu, kulala kwenye friji kunafanya hivyo hata kwa juisi nzuri, kila glasi unayomimina koroga kwanza. Ikijitenga ndani ya dakika chache hapo ni juisi iliyosagwa mbichi, rudi hatua ya 1.

*Hosiradishi haisikiki tena.* Ukali wake unapotea hewani kadri muda unavyoenda, hasa ukifunua jagi mara kwa mara. Kama unayo mbichi ongeza kijiko cha chai dakika ya mwisho kabla ya kuhudumia.

*Ina uchungu.* Ulikamua limao kwa nguvu mpaka ganda jeupe likatoa uchungu wake, au pilipili manga imezidi na imekaa siku nyingi ndani. Chuja mchanganyiko kwa chujio laini, uongeze nyanya.

Mchanganyiko ambao haujawekwa limao wala vodka unakaa friji siku 3 ukiwa umefunikwa. Ukishaweka limao umalize siku hiyo au ya pili yake. Ukibaki na unaona hautonywewa, ubandike jikoni kama mchuzi wa nyama au maharage, una chumvi na viungo tayari kwahiyo usiongeze chumvi kabla ya kuonja.